Wino Kwenye Dole Gumba la Mama

Mama alifundisha darasa la kwanza kwa miaka 31. Mwandiko wake ni ule ule wa ubaoni: herufi za duara, zimesimama wima, kila moja imekaa juu ya mstari hata pale pasipo na mstari. Zamani akiniachia kikaratasi kwamba chakula kiko jikoni, nilihisi kama nimepewa zoezi. Kwa hiyo siku niliyofika kwake bila taarifa nikamkuta ana wino wa zambarau kwenye dole gumba la kushoto, moyo ulinipiga kabla sijamaliza kumwamkia.

“Mama, umepiga dole wapi?”

Akautazama mkono wake kama si wake, kisha akaufunika kwa upindo wa nguo. “Karatasi tu za kaka yako. Alisema mkono wangu unatetemeka, sahihi haitakubaliwa.”

“Karatasi za nini?”

“Sikuziona vizuri, mwanangu. Miwani yangu imepotea.”

Miwani niliikuta jioni ile ile. Ilikuwa chumbani kwa kaka, juu ya kabati, nyuma ya redio.

Nirudi nyuma kidogo. Kaka yangu alihamia kwa Mama baada ya kupoteza kazi. Ukoo mzima ulimsifu: mtoto wa kiume amerudi kumtunza mama yake. Mimi nilimsifu kuliko wote, kwa sababu nilikuwa naishi mbali na mzigo ulikuwa umenitoka mabegani. Pesa za matumizi ya Mama nikawa natuma kwenye simu ya kaka, maana aliniambia Mama hawezi tena mambo ya simu. Nilikubali. Mama huyo huyo ndiye aliyenielekeza mimi, miaka michache nyuma, jinsi ya kutuma pesa kwa simu.

Kisha simu ya Mama ikawa “mbovu”. Ukitaka kuongea naye unampigia kaka, naye anaweka spika. Mama anasema, “Niko salama, mwanangu, Mungu ni mwema,” halafu ananyamaza, kama mtoto aliyekariri shairi likaishia hapo. Ningejua kusikiliza, ningesikia. Lakini nilikuwa na haraka zangu, na jibu la “niko salama” lilinifaa.

Jioni ile niliona mengine. Kabati la chakula lilikuwa na kufuli dogo la shaba. Kaka alieleza bila aibu: Mama anasahau kwamba ameshakula, anakula tena, ni kwa afya yake. Ufunguo wa mlango wa mbele Mama hakuwa nao, eti ataupoteza. Kwenye mkono wa kulia, juu ya kiwiko, alikuwa na alama ya kijani inayoelekea njano. Hiyo sikuelezwa na mtu.

Nikafanya kosa la kwanza. Nilimvaa kaka pale pale sebuleni, Mama akiwa ameketi katikati yetu. Nilimwita mwizi, nikamwambia nitampeleka mahakamani, nitamwaibisha mbele ya ukoo mzima. Nilimaliza pumzi yangu, nikajiona shujaa, kesho yake nikapanda gari nikarudi kazini. Sikuwa nimepiga picha hata moja. Sikuwa nimeomba kuona karatasi. Sikuwa nimekaa na Mama peke yake hata dakika kumi. Nilichofanya ni kumpa kaka taarifa kwamba vita vinakuja, nikamwachia mateka mkononi. Ndani ya wiki mbili mlango ulikuwa haufunguliwi kwa mtu yeyote wa upande wangu, na shangazi alinipigia kuniuliza kama ni kweli nimeanza kuitolea macho nyumba ya Mama angali hai.

Kosa la pili nililifanya kwa nia njema zaidi, ila madhara yalikuwa makubwa zaidi. Nilikwenda polisi. Walinisikiliza, siwezi kusema walinidharau. Askari wawili walifika nyumbani, wakakaa sebuleni, wakamuuliza Mama kama kuna mtu anamtesa. Kaka alikuwa kwenye kiti cha pili, amekunja mikono.

“Hakuna shida yoyote,” Mama akasema. “Mwanangu ananitunza.”

“Na hii alama mkononi?”

“Nilijigonga mlangoni.”

Jalada likafungwa. Nilimkasirikia Mama kwa siku kadhaa, na kuliandika hilo leo kunaniuma. Niliona amenigeuka. Sikujua kwamba nilikuwa nimemweka mahali ambapo jibu la kweli lingemlazimu kulala usiku ule chini ya paa moja na mtu aliyemshtaki. Baadaye nilisoma makadirio ya Shirika la Afya Duniani: katika kila watu 6 wenye umri wa miaka 60 na zaidi, mmoja hupata unyanyasaji wa aina fulani ndani ya mwaka mmoja, na kati ya matukio 24 ni moja tu linaloripotiwa. Mimi nilikuwa nimefaulu kuripoti, na Mama akalirudisha tukio lake kwenye yale 23 yasiyoripotiwa.

Aliyenifungua macho ni mama mmoja mtu mzima kwenye ofisi ya msaada wa kisheria, mfupi, mwenye sauti ya chini kiasi kwamba unalazimika kuinama umsikie. Ukutani kwake kulikuwa na bango la Juni 15, siku ambayo Umoja wa Mataifa uliitambua mwaka 2011 kuwa ya kupaza sauti dhidi ya unyanyasaji wa wazee. Pembeni yake alikuwa amebandika karatasi ya Kanuni za Umoja wa Mataifa za mwaka 1991 kuhusu wazee, na chini yake ukurasa wa itifaki ambayo Umoja wa Afrika uliipitisha Addis Ababa Januari 2016. Nilizisoma zote nikingoja zamu, nikawaza kwa uchungu kwamba hakuna hata moja iliyompa Mama ufunguo wa mlango wake.

Nilimweleza yote. Aliandika kidogo tu. Nilipomaliza akauliza, “Mama mwenyewe anataka nini?”

“Anataka kutoka mikononi mwa huyu mtu.”

“Amekuambia?”

Sikuwa na jibu. Katika hasira zangu zote sikuwahi kumuuliza.

Akanieleza kwamba sheria ina milango zaidi ya mmoja. Ule wa jinai, wa polisi na gereza, ndio watu wanaoujua, na ndio wazee wengi wanaouogopa, kwa sababu upande wa pili wa mlango huo yuko mtoto wao. Ipo pia milango ya madai: amri ya ulinzi, kubatilisha hati, zuio la kuuza mali, amri ya mtu kuhama nyumba. Mzee anaweza kuingilia huko bila kumfunga mtu. Akasema kupigwa si sharti la kwanza: kumfungia mtu chakula, kumfichia miwani, kumtukana kila siku, kula pesa zake, kumwacha mchafu au bila dawa, vyote ni unyanyasaji. Akaniagiza kazi moja: nipate nafasi ya Mama kusema akiwa peke yake, hata mimi nisiwepo kama hataki niwepo.

Nafasi tuliipata kliniki. Kaka hakuacha hata mara moja kumpeleka Mama kupima presha, na kwa hilo namshukuru hadi leo. Niliongea na muuguzi mapema. Siku ya siku daktari alimwomba kaka asubiri nje, kwa sauti ya kawaida, kama utaratibu ulivyo kwa kila mgonjwa. Alipobaki na Mama akamuuliza maswali yake, kisha akamwambia binti yake yupo chumba cha pili, je, angependa kumwona? Mama alisema ndiyo. Niliambiwa baadaye kwamba alifikiri kwanza.

Nilitaka kuanza na hotuba. Nikakumbuka yule mama mwenye sauti ya chini, nikauliza tu: “Mama, unataka nini?”

“Sitaki afungwe. Nimemzaa mimi.”

“Sawa, Mama.”

“Nataka ufunguo wa nyumba yangu. Nataka miwani. Na nikisikia njaa nile bila kuomba.” Akanyamaza, akatazama mlango. “Na zile karatasi zirudi.”

Daktari akamsogezea karatasi na kalamu, akamwomba ayaandike mwenyewe. Ilichukua muda. Mkono kweli unatetemeka. Herufi zilitoka na mikunjo kama nguo isiyopigwa pasi. Lakini kila moja ilikaa juu ya mstari wake. Tarehe akaiweka kona ya kulia juu, palepale alipokuwa akiwafundisha watoto kuiweka. Daktari akaandika ripoti yake ya alama ya mkononi na ya hali ya akili ya Mama siku ile, na nakala zikaenda kwa mwanasheria wa ile ofisi ya msaada wa kisheria.

Karatasi zilizopigwa dole zilikuwa mbili. Ya kwanza ilimfanya kaka kuwa mwakilishi wa Mama kisheria, mwenye uwezo wa kutoa pesa benki na kusaini kwa niaba yake. Ya pili ilisema Mama amempa kaka nyumba iwe zawadi, kwa mapenzi yake mwenyewe.

Ile ya kwanza iliondoka haraka kuliko nilivyotarajia. Hati ya uwakilishi ya kawaida ni ruhusa tu, na aliyeitoa, maadamu akili zake ni timamu, anaweza kuiondoa. Aliyepewa ruhusa hiyo hapewi mali. Anapewa wajibu wa kuitumia kwa faida ya mwenye mali na kutoa hesabu akiulizwa. Mama alisaini barua ya kubatilisha, nakala ikapelekwa kwa kaka na nyingine benki siku hiyo hiyo. Mwanasheria alisisitiza hilo la benki. Ukibatilisha hati ukaiweka kabatini, benki itaendelea kumlipa yule inayemjua. Wakati huo huo tukaweka zuio kwenye ofisi ya ardhi ili nyumba isiuzwe wala kuwekwa rehani kabla shauri halijasikilizwa.

Kaka akajibu kama tulivyoambiwa atajibu: kwamba Mama ana usahaulifu, hajui anachosaini, na kwamba ni mimi dada yake ninayemtumia. Mwanasheria aliisoma barua hiyo akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu. “Mama hawezi kuwa na akili timamu Jumanne akampa kaka yako nyumba,” akasema, “halafu Alhamisi akidai irudishwe awe hana akili.” Kisha akanieleza jambo ambalo mimi mwenyewe sikuwa nalijua vizuri, maana nami nilishaanza kumwamulia Mama mambo. Kusahau siku ya wiki hakumwondolei mtu haki ya kuamua. Uwezo hupimwa kwa uamuzi wenyewe ulioko mezani: je, anaelewa anachokifanya na matokeo yake? Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa haki za watu wenye ulemavu, wa mwaka 2006, unasema katika ibara ya 12 kwamba watu hawa ni sawa na wengine mbele ya sheria, na kwamba hatua za kuwasaidia kuamua lazima zilindwe dhidi ya shinikizo na mgongano wa maslahi. Kwa lugha ya Mama: nisaidie kusoma, usinisomee unachotaka.

Ya pili, ya nyumba, ilikuwa safari. Katika nchi zinazofuata sheria iliyotokana na ya Uingereza kuna kanuni ya ushawishi usio halali. Mtu anayemtegemea mwenzake na kumwamini, akimpa mali kwa namna isiyoelezeka kwa urahisi, mzigo unaweza kuhamia kwa aliyepokea: yeye ndiye aonyeshe kwamba mtoaji aliamua kwa hiari. Njia mojawapo ya kuonyesha hivyo ni kuthibitisha kwamba mtoaji alipata ushauri wa mtu asiye na maslahi. Kaka hakuwa na mtu wa namna hiyo. Mashahidi wawili kwenye hati walikuwa rafiki zake. Hakuna aliyemsomea Mama. Na hakuna aliyeweza kueleza kwa nini mwalimu wa miaka 31 alipigishwa dole.

India wana njia fupi zaidi, kwa sheria yao ya mwaka 2007 ya matunzo ya wazazi na wazee. Mzee akitoa mali kwa sharti la kutunzwa, na aliyepokea akashindwa kumtunza, anaweza kuomba baraza maalumu litangaze kwamba uhamisho huo ni batili. Niliposoma nilitamani. Sisi tulihesabu miezi, kisha tukahesabu miaka.

Lakini amri ya ulinzi haikungoja nyumba. Hakimu alitoa ya muda kwanza kwa kusoma kiapo cha Mama na ripoti ya daktari, kisha akapanga siku ya kuwasikiliza wote. Alimsikiliza Mama faragha, kaka akiwa nje. Kabla ya kuanza karani alimtazama mara moja yule bibi mwenye mvi, mkono unaotetemeka, akamsogezea kidau cha wino.

“Mimi naandika,” Mama akasema.

Tulisubiri. Hakimu aliweka kalamu yake chini akasubiri. Jina la Mama lina majina matatu na aliyaandika yote, hakukata hata moja. Nilikuwa nimeketi nyuma yake na nilichoona ni bega tu likisogea taratibu. Alipomaliza akaweka nukta, kwa sababu ndivyo alivyo.

Amri ilisema kaka ahame ndani ya siku zilizotajwa, asiguse akaunti ya Mama, na anaweza kumtembelea Jumamosi mchana Mama akiridhia. Akivunja, hapo ndipo jinai inapoanza. Mama alipopewa nakala aliisoma yote palepale kwenye ngazi za mahakama, miwani imeshuka puani, kisha akatoa kalamu nyekundu mkobani akasahihisha jina lake lililokosewa herufi moja. Ilibidi turudi kuomba nakala nyingine. Ile ya kalamu nyekundu bado anayo.

Ndugu hawakutusamehe upesi. “Utampeleka mahakamani ndugu yako wa tumbo moja?” shangazi aliniuliza, na akaliuliza tena kwenye kila shughuli ya ukoo mbele ya watu. Niliacha kujibu. Siku moja Mama alimjibu mwenyewe: “Aliyempeleka ni mimi.” Swali likaisha.

Pesa zilizotoka benki hazikurudi. Zilikwenda kwenye madeni ya kaka, na madeni yale yalikuwa ya kweli. Nimejifunza kwamba mara nyingi anayemtesa mzee ndiye anayemtegemea mzee huyo kwa paa na kwa mfuko, wala si kinyume chake. Kaka alikuwa amechoka, ana aibu, analala chumba alicholala akiwa mvulana. Vyote hivyo ni kweli, na alama ya mkononi mwa Mama nayo ilikuwa kweli. Shauri la nyumba lilipofika mwaka wa pili alisaini makubaliano ya kuirudisha, yakasajiliwa mahakamani. Sijui ni dhamiri au ni wakili wake aliyemshauri. Sikuuliza.

Na mimi sikutoka msafi. Baada ya kaka kuhama nilichukua kadi ya benki ya Mama “nimtunzie”, nikamwambia ahamie kwangu, nikaanza hata kuulizia wanunuzi wa vyombo vyake. Aliniita akaniketisha kama mwanafunzi mtoro.

“Nimetoka kulindwa na mmoja,” akasema, “sitaki kulindwa na mwingine. Lete kadi.”

Nikaileta. Zile kanuni za 1991 zilizokuwa ukutani zimepangwa chini ya vichwa vitano, na cha kwanza kabisa ni uhuru wa mzee kujitegemea. Matunzo yanakuja cha tatu. Nilikuwa nimezisoma mara nyingi pale kwenye benchi bila kuona mpangilio huo. Sasa Mama ana msaidizi anayekuja asubuhi, taarifa ya benki inakuja kwake kwa karatasi na kwangu kwa simu kwa ruhusa yake ya maandishi, na kila mwisho wa mwezi ananisomea matumizi yeye, si mimi kumsomea yeye. Nikipiga simu siulizi tena kama yuko salama. Namuuliza amekula nini, nani amekuja, na yuko na nani chumbani.

Jumamosi ya kwanza kaka aliyokuja, mimi nilikuwepo. Aligonga, akasubiri, akagonga tena. Nilinyanyuka, Mama akaniashiria nikae.

“Nani?”

“Ni mimi, Mama.”

“Ngoja.”

Akatafuta miwani, akaivaa, akaifuta, akaivaa tena. Ufunguo ulikuwa kwenye kamba shingoni. Alitembea polepole kuliko kawaida yake, na kaka akangoja nje mpaka alipofika.